Kompyuta ikikutajia hal.dll, usikimbilie kulipakua

Kati ya mafaili yote ya Windows, sijaona linalosingiziwa kama hal.dll. Mteja anakuja na mashine yake, skrini nyeusi, maandishi meupe yanadai faili hilo halipo au limeharibika. Na mara nyingi ameshajisaidia: kalipakua kwenye tovuti ya bure, liko kwenye flashi, anataka nimwekee tu yaishe. Huwa nakataa. Mjumbe hauawi, na hal.dll kwa kawaida ni mjumbe tu.

Tuanze na kazi yake. Ukibonyeza kibodi, diski ikimaliza kusoma, au kadi ya mtandao ikipokea data, kifaa husika hutuma ishara kwa prosesa iache kidogo inachofanya na kukihudumia. Mafundi huiita interapti. Kwenye kompyuta za zamani ishara hizo zilipita kwenye chipu mbili aina ya 8259 zenye njia 16, kuanzia 0 hadi 15. Saa ya mfumo ilishika 0, kibodi 1, na namba 2 ikatumika kuunganisha chipu hizo mbili. Baadaye ikaja APIC, yenye njia nyingi zaidi na uwezo wa kugawa ishara kwa prosesa zaidi ya moja. Microsoft ilipotoa Windows NT 3.1 mwaka 1993, iliweka tabaka la programu katikati ili sehemu nyingine za Windows zisihangaike na tofauti za aina hiyo. Tabaka hilo ndilo linalokaa ndani ya hal.dll.

Hapo ndipo ubaya wa kulipakua ovyo unapoonekana. CD ya Windows XP ilikuwa na matoleo kadhaa ya faili hili. Wakati wa kupiga Windows, lilichaguliwa linalofaa mashine hiyo na kuwekwa kwa jina la hal.dll. Chukua la mashine yenye APIC, liweke kwenye isiyokuwa nayo, na haitawaka. Kwa upande wa pili, tangu Windows 10 toleo la 2004 kazi yenyewe imehamia ndani ya ntoskrnl.exe, faili la kiini cha Windows, na hal.dll limebaki ganda la kuzielekeza draiva (programu zinazoendesha vifaa) zinazoliita kwa jina la zamani. Sijagusia bado virusi. Faili hili hufanya kazi kwenye kiini cha mfumo, na sioni kwa nini umkabidhi mtu usiyemjua ufunguo wa aina hiyo.

Sasa ukiliona limetajwa kwenye XP (ndiyo, bado nakutana nazo, hasa dukani kwenye programu za stoo ambazo hakuna anayetaka kuzigusa), tazama kwanza boot.ini. Faili hilo ndilo linalosema Windows iko diski gani na sehemu gani. Mtu akiongeza diski au akigawa upya sehemu zake, namba hubadilika, mashine inakwenda kutafuta mahali pasipo na Windows, inalikosa hal.dll, basi linatajwa hilo. Amri ya bootcfg /rebuild kutoka kwenye CD humaliza kesi nyingi. Hata kabla ya hapo, chomoa flashi na diski za nje, kisha angalia betri ndogo ya saa kwenye ubao mama. Ikifa, umeme ukikatika mipangilio ya BIOS (programu ya kuwashia mashine iliyo kwenye ubao mama) inarudi ya kiwandani, na mashine inaweza kuanza kuwaka kwa diski isiyo yake.

Kuanzia Vista, boot.ini haipo tena. Badala yake kuna BCD, hifadhi ya mipangilio ya kuwasha Windows. Mantiki ni ileile, na dawa ni bootrec /rebuildbcd au bcdboot.

Kesi nyingine ni ya skrini ya bluu. Unafungua ripoti kwa programu kama BlueScreenView, unakuta mshukiwa ni hal.dll. Ikiwa kosa ni WHEA_UNCORRECTABLE_ERROR, maana yake vifaa vyenyewe vimelalamika na Windows imepokea taarifa tu. Fungua boksi. Futa vumbi, hakikisha feni inazunguka, badilisha pesti ya prosesa iliyokauka, pima RAM, jaribu pawa saplai nyingine. Kama kuna aliyeongeza kasi ya prosesa kupita ile ya kiwandani, irudishe. Kupiga Windows upya hapa ni kumlipisha mteja bure, na naona wengi wanafanya hivyo.

Kompyuta ikiwa nzito tu, fungua Task Manager utazame mstari wa System interrupts. Usihangaike kuuzima, si programu. Mashine ikiwa imetulia, unatakiwa uwe chini ya asilimia 1 au 2. Ukipanda na kubaki juu, kuna kifaa au draiva inayoisumbua prosesa: chomoa vya USB kimoja kimoja, kisha zima kadi ya mtandao na ya sauti kwa zamu uone namba inashuka lini. Programu ya LatencyMon itakusaidia kuitaja draiva yenyewe.

Kuna siku faili limeharibika kweli, hasa umeme ukikatika Windows ikiwa inajisasisha. Washa kwa flashi ya Windows ya toleo lilelile, fungua sehemu ya kuandika amri, uandike hii ya kukagua na kurekebisha mafaili ya Windows:

sfc /scannow /offbootdir=C:\ /offwindir=C:\Windows

Hakikisha kwanza herufi ya diski, maana ukiingia kwa njia hiyo C huweza kuwa D. Ikishindikana, au tatizo likirudi baada ya muda mfupi, ishuku diski. Usianze na chkdsk (amri ya kukagua diski) kwenye diski inayokufa, itaichosha zaidi. Itoe, ichomeke kwenye kompyuta nyingine, okoa picha na hesabu za mteja, ndipo mzungumzie bei ya diski mpya.