Barua ya daraja ilirudishwa 2016: nidai wapi?

SWALI: Shikamoo Mzee. Mimi ni mwalimu wa sekondari, upande wa Pongwe hapa Tanga. Niliajiriwa 2012 nikaanzia TGTS D, yaani daraja D kwenye ngazi za mishahara ya walimu. Mwanzoni mwa 2016 nilipewa barua ya kupanda kwenda TGTS E, nikafurahi hata nikamnunulia mama doti ya kanga. Uhakiki wa watumishi ukaja, barua ikarudishwa. Nimepanda Juni 2021, lakini mshahara ukabadilika Septemba. Mwenzangu tuliyeripoti naye siku moja alihamia halmashauri nyingine, leo yuko daraja moja juu yangu. Wakili ananiambia twende CMA, Tume ya Usuluhishi na Uamuzi ya migogoro ya kazi. Sheria inanibeba?
Mwalimu wa Pongwe

JIBU: Marahaba, mwanangu. Barua yako nimeisomea kibarazani kwangu Ngamiani, nikairudia mara mbili, maana umefunga madai mawili kwenye kanga moja.

La kwanza ni Juni hadi Agosti 2021. Hapo unayo barua yenye tarehe ya kuanza daraja jipya, na unazo hati za mshahara zinazoonyesha ulilipwa lile la zamani. Hilo ni deni, si fadhila ya mtu. Laki mbili na ushee kwa mwezi, mara tatu, si hela ya kumwachia mwajiri. Andika kwa mkurugenzi kupitia mkuu wako wa shule, uambatanishe barua ya kupanda na hati za Mei mpaka Septemba. Ya Mei usiiache: ndiyo inayoonyesha ulikotoka. Kisha muulize afisa utumishi kama malimbikizo yako yameingizwa kwenye mfumo. Akikujibu "yako Dodoma", mwombe akuonyeshe yalivyoingizwa.

La pili ni ile miaka mitano, na hapa sitakupaka mafuta kwa mgongo wa chupa. Kupanda daraja hakuji kwa kuhesabu miaka peke yake. Kuna sifa za muundo wa utumishi, utendaji wako, nafasi kwenye ikama, yaani idadi ya watumishi iliyoidhinishwa, na bajeti ya mshahara. Barua iliyofutwa kabla haijazaa mshahara ni ngumu kuidai kama deni. Unachoweza kuomba ni mserereko, yaani kusogezwa ufikie walipo wenzako wa ajira moja. Taja tarehe yako ya kuajiriwa, uambatanishe nakala ya barua ya 2016 kama ulibaki nayo, na fomu zako za OPRAS, zile za kupima utendaji kazi, za miaka ile. Huyo mwenzako msome kama mfano, usimshtaki. Na kwa kuwa wewe ni mwalimu, nakala ipeleke ofisi ya wilaya ya Tume ya Utumishi wa Walimu, iliyoundwa kwa Sheria Na. 25 ya 2015. Mambo ya kupanda daraja kwa walimu yapo mikononi mwake.

CMA usiende kwanza. Kifungu cha 32A cha Sheria ya Utumishi wa Umma, kilichoingizwa 2016, kinamtaka mtumishi amalize njia za ndani ya utumishi kabla ya kushika zile za sheria za kazi, na mwaka 2022 Mahakama ya Rufani ililisimamia hilo. Ukienda leo utalipa wakili, shauri litupwe mlangoni. Na hata siku ya mahakama ikifika, Serikali hushtakiwa baada ya notisi ya siku 90.

Nilikaa ofisi za utumishi miaka mingi, na langu mwenyewe lilinikuta. Nilifuatilia daraja langu mwaka mzima. Jalada likaja kuonekana masjala, limekunjwa na kubanwa kwenye dirisha lisilofunga, kusi lisiingize vumbi. Kwa hiyo barua yako ipeleke nakala mbili. Moja igongwe muhuri wa kupokelewa na tarehe mbele ya macho yako, urudi nayo Pongwe.