Maswali na Majibu: Ua la Usambara na Ndugu Zake

Barua za safari hii nyingi zinahusu ua moja dogo la zambarau la misitu yetu, lile ambalo dunia inalifuga dirishani kwa jina la vayoleti ya Afrika.

Nimelikuta limeota mwambani karibu na kijito huko Amani. Nikichukua mche mmoja tu kuna ubaya gani? (Muheza)

Upo, tena mkubwa. Hapo uko ndani ya Hifadhi ya Mazingira Asilia. Bila kibali cha Wakala wa Huduma za Misitu hubebi kitu. Lakini tuseme hakuna anayekuona. Mmea huu mizizi yake ni mifupi, umejishikiza kwenye mboji nyembamba juu ya jiwe, mahali penye kivuli na unyevu. Ukiubandua unaondoka na hiyo mboji, jiwe linabaki tupu, na mbegu ya kesho haina pa kushika. Kundi zima pengine ni la korongo moja. "Mmoja tu" wa watu kumi ndio mwisho wa kundi. Ukilitaka nyumbani, omba jani la kuchomeka kwa mwenye nalo au nunua kitaluni. La kitaluni limeshazoea chungu. Na nyinyi mnaobandika picha mtandaoni pamoja na ramani ya kufikia mwamba wenyewe, acheni. Mnawachorea njia wang'oaji wa mimea.

Ni ndugu wa vayoleti za bustanini? (Morogoro)

Hapana, wamefanana rangi tu. Vayoleti za kweli ni jenasi (yaani kundi la spishi zenye undugu wa karibu) ya Viola, na hata sisi tunayo ya nyanda za juu, Viola abyssinica. Ligeuze ua uone: Viola ina kijipembe kwa nyuma, na ndani yake mna nekta. La Usambara halina kijipembe wala nekta. Katikati lina vifuko viwili vya manjano vilivyojaa chavua, na nyuki hana budi kujitetemesha kwa mvumo mpaka chavua imwagike. Kiangalie pia kile kijiti chembamba cha kike: kwenye ua hili kimeinamia kushoto, kwenye lile kulia. Familia yake ni Gesneriaceae, pamoja na gloksinia ya Brazili.

Kitabu kimoja kinaliita Saintpaulia, kingine Streptocarpus. Nani mwongo? (Lushoto)

Hakuna. Walter von Saint Paul-Illaire, ofisa wa Kijerumani upande wa Tanga, alipeleka mimea kwao, na mwaka 1893 Hermann Wendland wa bustani za Herrenhausen, Ujerumani, akalitangaza kama jenasi mpya: Saintpaulia ionantha. Likakaa peke yake zaidi ya karne, kwa kuwa tunda lake ni nyoofu ilhali matunda ya Streptocarpus yamejisokota. Vipimo vya DNA vikaonyesha kwamba limo ndani kabisa ya ukoo wa Streptocarpus wenye mashina, akina Streptocarpus caulescens na S. saxorum (S. ni kifupi cha Streptocarpus), majirani zake wa milima hiyohiyo. Mwaka 2015 likahamishiwa huko rasmi. Mimi naona ni sawa. Mwenye kuyaona matawi ya S. saxorum yakining'inia mwambani, kila ua kwenye uzi wake mrefu, hatashangaa kuambiwa ni ndugu. Kinachoniudhi ni mabishano ya idadi. Orodha ya zamani ilikuwa na spishi kama 20; mwaka 2006 zikapunguzwa hadi 6, na nyingi zikawa nususpishi, yaani vitawi vya spishi moja. Wapo waliolichukua hilo kama ruhusa ya kupuuza makundi madogo. Jina likifutwa kitabuni, mmea haujapungua thamani korongoni.

Majani yangu yana madoa meupe. Ni ugonjwa?

Maji baridi. Nimelijibu mara ngapi? Mwagilia kwa chini, maji yawe na joto la chumba.

Maua haya Kenya yapo? (Voi)

Unaandika kutoka Voi na unaniuliza mimi! S. teitensis ni wa msitu wa Mbololo, hapo juu yako Taita, na hana kwao pengine. Kilifi yupo ndugu yake aitwaye rupicola, anayeishi kwenye miamba ya chokaa. Wote wawili wako hatarini sana, na uzio hautawaokoa kama miti inayoutia mwamba kivuli inaendelea kukatwa. Jua la mchana likiufikia mwamba, majani yanaungua.

Nimetuma picha ya vayoleti yenye rangi ya waridi. Ni aina gani?

Hiyo si vayoleti; ni Impatiens, mmea mwingine kabisa. Minya tunda lililokomaa, litapasuka na kurusha mbegu.

Wazungu wametajirika na ua letu. Tudai fidia? (Tanga)

Dai, ila jua unachodai. Kampuni ya Armacost & Royston ya Los Angeles ilianza kulifuga ua hili kwa mbegu kutoka Ulaya mwaka 1926. Mkataba wa Bioanuwai uliozipa nchi mamlaka juu ya jeni zake ni wa 1992, na haurudi nyuma. Mimi ningeuliza kwanza kwa nini vitalu vyetu vimejaa maua ya kigeni.

Nimechomeka jani wiki sita zilizopita, halijatoa kitu. Nilichomoe nitazame?

Usilichomoe! Mizizi inatangulia, miche hufuata polepole. Kama jani ni gumu na kikonyo hakijaoza, liache.