Ukiambiwa miaka yako ya kazi haitoshi, dai sababu kwa maandishi

Kaunti moja hapa Kenya ilitangaza nafasi ya afisa wa ununuzi, ikataka mtu mwenye uzoefu wa miaka mitano. Mimi nilikuwa nao. Orodha ya walioitwa kwa mahojiano ilipotoka, jina langu halikuwamo, na nilipofuatilia nikaambiwa kwa mdomo kwamba miaka ya kandarasi haihesabiwi. Tangazo halikuwa limesema hivyo popote.

Jambo hili linaniuma hadi leo, maana serikali ndiyo inayowaweka vijana kwenye kandarasi za mwaka mmoja mmoja, kisha nafasi ya kudumu inapotokea wanaambiwa miaka hiyo si kitu. Wengi hunung'unika tu na kuacha. Usiache.

Anza na tangazo. Lihifadhi siku ile ile unayoliona, kwa sababu likishaondolewa mtandaoni utabaki kubishana kwa kumbukumbu. Kisha lisome neno kwa neno. "Miaka mitano ya uzoefu" si sawa na "miaka mitano, mitatu kati yake katika usimamizi", wala si sawa na miaka mitano tangu kusajiliwa na chama cha taaluma. Kama walitaka usimamizi nawe hujawahi kusimamia mtu, rufaa haitakusaidia. Ila sharti ambalo halikuandikwa wasilichomeke baadaye. Tazama Kifungu cha 166 cha Katiba: jaji wa Mahakama ya Upeo anahitaji miaka 15, na imeelezwa wazi kwamba miaka ya ujaji, ya uwakili na ya usomi wa sheria inaweza kujumlishwa. Sharti la uzoefu linaweza kabisa kuandikwa likaeleweka.

Ushahidi nao usiwe barua ya mwajiri peke yake. Niliambatisha fomu zangu za P9, zile za kodi ya mshahara ya kila mwaka, na taarifa ya michango ya NSSF (mfuko wa hifadhi ya jamii), inayoonyesha mwezi baada ya mwezi nani alikuwa akinilipa. Pengo kati ya kandarasi mbili lilionekana pia. Nililieleza mwenyewe kabla sijaulizwa, nikalitoa kwenye hesabu, na bado miaka mitano ilitimia.

Barua yako kwa bodi ya utumishi wa umma ya kaunti, ambayo ndiyo inayoajiri, iwe fupi. Usiombe kuhurumiwa. Uliza ni kigezo gani kilichokuangusha, kiliandikwa wapi, na kama kilitumika kwa waombaji wote. Kifungu cha 47 cha Katiba kinakupa haki ya kupewa sababu kwa maandishi pale uamuzi wa kiutawala unapokudhuru. Ukitaka na nyaraka, Sheria ya Kupata Habari ya 2016 inaipa ofisi ya umma siku 21 kujibu ombi lako.

Wengi hukosea njia hapa: wanakimbilia mahakama ya leba moja kwa moja. Kifungu cha 77 cha Sheria ya Serikali za Kaunti ya 2012 kinasema anayepinga uamuzi wa bodi ya kaunti akate rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma, kwa maandishi, ndani ya siku 90, na kinataja uajiri pamoja na sifa zinazohitajika kwa cheo. Mwaka 2017 Mahakama ya Rufani ilisisitiza kwamba njia hiyo ipitiwe kwanza. Ukiiruka, kesi yako inaweza kutupwa kabla hata hoja zako hazijasikizwa, na gharama ya wakili imekwenda.

Siku hizo 90 usizitumie zote. Mtu mwingine akishapewa barua ya kazi na kuripoti, mambo huwa magumu, kwani sasa unapigania kiti chenye mwenyewe.

Mimi bodi ilinirudisha kwenye orodha baada ya kupata nakala ya rufaa yangu. Nilifanya mahojiano, na kazi akapewa aliyenizidi alama. Hilo nililikubali. Nilichokuwa nadai ni kushindanishwa kwa haki, kama Kifungu cha 232 cha Katiba kinavyotaka, na nikashindanishwa.