Mhadhiri mpya wa kemia, zikague mashine kabla ya kuchagua mada

Anayemaliza uzamivu wa kemia na kupata ajira ya chuo kikuu hafiki na upungufu wa mawazo. Kinachomchelewesha kutoka mhadhiri hadi mhadhiri mwandamizi, kisha profesa mshiriki, mara nyingi ni makala mbili tatu zilizokwama mezani zikisubiri kipimo kimoja. Kwa hiyo wiki ya kwanza zungukia mashine za idara. Ipi inafanya kazi? Ufunguo anao nani? Majibu ya sampuli hutoka baada ya siku ngapi?

Mashine ya NMR, inayotumia sumaku kali kuonyesha jinsi atomi zilivyopangwa katika molekuli, iulizie zaidi. Sumaku yake huzama katika heliamu ya kimiminika inayochemka kwenye kelvini 4.2, na heliamu hiyo hupungua hata mashine isipotumika. Ikishuka mno, sumaku hupoteza nguvu ghafla na heliamu yote hufoka ikiwa gesi. Basi uliza heliamu hununuliwa kwa fungu lipi. Ukijibiwa kwa kigugumizi, anza na utafiti unaotegemea kromatografia (kutenganisha vijenzi vya mchanganyiko) au spektrofotomita (kupima mwanga unaofyonzwa na sampuli); mada za usanisi, yaani kutengeneza kampaundi mpya, zitafuata ukipata mshirika mwenye NMR ya uhakika.

Ukiingia kwenye usanisi, jua mapema wahakiki wa majarida watadai nini. Kwa kila kampaundi mpya ya kikaboni, majarida mengi hutaka NMR ya protoni na ya kaboni, pamoja na tungamo ya molekuli iliyopimwa kwa usahihi wa sehemu 5 kwa milioni, au uchanganuzi wa elementi (asilimia ya kila elementi katika sampuli) usiopishana na hesabu kwa zaidi ya asilimia 0.4. Hapo ndipo wanafunzi hujikwaa. Protoni huonekana vizuri kwa miligramu 5 hadi 10, lakini kaboni-13 ni kama asilimia 1.1 tu ya kaboni yote, hivyo miligramu 3 zilizobaki chupani zitakesha kwenye mashine na bado zitoe mistari hafifu. Tenga miligramu 30 za kila kampaundi kabla mwanafunzi hajaitumbukiza yote katika hatua inayofuata. Uchanganuzi wa elementi ukikataa ilhali NMR ni safi, usikimbilie kurudia mmenyuko. Shuku kwanza maji, ambayo kilele chake kwenye mchoro wa NMR hupuuzwa kirahisi, au mabaki ya kiyeyushi. Kausha usiku kucha kwenye ombwe, kisha pima tena.

Daftari la maabara liwe na kurasa zenye namba, liandikwe kwa wino siku ileile. Lebo ya chupa ibebe herufi za jina, namba ya daftari na ukurasa. Chupa iliyoandikwa “bidhaa mpya safi” haina thamani yoyote mwenyewe akishahitimu. Na usimtilie mwanafunzi saini ya tasnifu kabla hajakukabidhi mafaili ghafi ya mashine. Picha za spektra, yaani michoro ya vilele inayotoka kwenye mashine, hazitoshi, kwa kuwa mhakiki akitaka ukuze sehemu fulani au ukokotoe upya maeneo ya vilele, picha haikusaidii.

Wanafunzi wa uzamili wawili wanatosha kwa kuanzia. Wakiwa sita, utakuwa unasaini fomu tu.

Bajeti ya ruzuku nayo ina mtego wake: watu huomba mashine wakasahau vipuri, gesi, matengenezo na uteketezaji wa taka za viyeyushi. Mwaka wa tatu mashine inavikwa kitambaa.

Fomu ya kupandishwa cheo isome mwaka wa kwanza. Katika kemia, mwanafunzi aliyefanya kazi kwa kawaida hutajwa kwanza na msimamizi mwishoni, akiwa ndiye anayewasiliana na jarida. Kamati yenye watu wa fani nyingine inaweza kuhesabu jina la kwanza peke yake na kukuona msindikizaji katika kazi yako mwenyewe. Chini ya kila makala kwenye wasifu wako, andika mstari mmoja: nani alibuni, nani alipima, nani aliandika. Uandike makala inapokubaliwa, waandishi wenza wakiwa bado wanakumbuka.