Stima Ikipotea, Insulini ya Mama Niifanyeje?

Swali: Shikamoo Mama Muuguzi. Naandika kutoka Nyalenda, Kisumu. Mama yangu ana kisukari, anadungwa insulini asubuhi na jioni. Ile Ijumaa usiku ya Agosti 2023 stima ilipopotea nchi nzima, tulikaa gizani hadi kesho yake. Nilidhani dawa imeoza, nikatupa vichupa viwili. Mama akakaa siku mbili bila sindano. Tangu hapo taa zikipepesa tu moyo unanienda mbio. Ikipotea tena nifanye nini? Na kwa nini hitilafu ya mbali itufikie huku ziwani?

Jibu: Marahaba, mwanangu. Vile vichupa vilikuwa vizima. Nasikitika kukwambia hivyo, lakini ni lazima ujue: kilichomweka mama hatarini ni zile siku mbili bila dawa.

Insulini si maziwa. Madaktari Wasio na Mipaka na Chuo Kikuu cha Geneva waliipima kwa joto la nyumba za kambi ya Dagahaley, Dadaab, linalopanda na kushuka kati ya nyuzi 25 na 37. Matokeo yalitoka mwaka 2021: baada ya wiki nne, nguvu yake ilikuwa karibu sawa na ya ile iliyokaa kwenye friji. Kwa hiyo usiku mmoja wa giza, friji ikiwa imefungwa, hauidhuru.

Adui mkubwa ni barafu. Usiku uleule jirani yangu alikimbilia barafu ya samaki, akaizika dawa ya mumewe humo ndani ya ndoo. Asubuhi aliniletea kichupa. Nilikiinamisha dirishani nikaona chembe nyeupe zimeganda ukutani mwa chupa, kama mtindi uliokatika. Hicho ndicho cha kutupa. Insulini ikishaganda haifai tena, hata ikiyeyuka.

Stima ikipotea, usifungue friji kila saa kuchungulia. Ikizidi siku moja, weka chungu kidogo ndani ya kikubwa, jaza mchanga katikati, uuloweshe maji asubuhi na jioni. Dawa iwe ndani ya mfuko mkavu, ufunike kwa kitambaa kibichi, chungu kikae kivulini panapopita upepo. Stima ikirudi, kichupa kikae mlangoni mwa friji, mbali na sehemu ya kugandisha.

Kuhusu umbali: karibu mitambo yote ya umeme nchini imefungwa kwenye mtandao mmoja. Mtambo mkubwa ukitoka ghafla, iliyobaki hulemewa, nayo hujizima mmoja baada ya mwingine isije ikaungua. Tarehe 7 Juni 2016 tumbili aliangukia transfoma katika kituo cha umeme cha Gitaru, Mto Tana. Megawati 180 zikapotea, na nchi nzima ikazima. Kituo cha umeme wa maji cha Sondu Miriu ni jirani yako, lakini imo kwenye mtandao huohuo.

Sasa nenda ukachukue kalamu. Kila kichupa kikitoka kwenye friji, andika tarehe juu yake, na wiki nne zikitimia kiweke kando. Na giza likiingia tena, mpime mama sukari asubuhi kabla hajanywa chai. Ikipanda kuliko kawaida yake ilhali amedungwa, fungua kichupa kipya na umpeleke kliniki siku hiyohiyo.