Kilo Moja Mbichi, Gramu Ngapi Mezani? Majibu kwa Barua za Nyama Choma

Barua nyingi safari hii zimetoka kwa wenye majiko ya choma jijini, na nyingine kwa wateja wao. Mlaji wa Nairobi amebadilika. Siku hizi hupiga simu kabla hajatoka kazini, huuliza mbuzi alichinjwa lini, hutaka mizani aione, na hulipa kwa M-Pesa. Tumejibu barua sita. Zile za uzito na za kusubiri tumezipa nafasi kubwa, kwa sababu hapo ndipo wateja hupotea.

Nina bucha yenye jiko huku Kasarani. Nampimia mteja kilo moja na nusu mbele ya macho yake, lakini nyama ikifika mezani anasema nimemwibia. Nifanyeje?

Hujamwibia, lakini naye ana haki ya kuuliza. Nyama nyekundu isiyo na mafuta ni maji kwa takriban asilimia 70 hadi 75. Joto la ndani likipita nyuzijoto 60 hivi, utando unaofunga nyama hujikunja na kuyakamua maji hayo, na mafuta nayo huyeyuka yakadondokea makaa. Kilo moja ya mbuzi mwenye mifupa, ikichomwa kwa utulivu, hutoka na gramu 650 hadi 700. Ukiichoma kwa pupa hadi ikauke, utapata 600 au chini yake. Mifupa haipungui kama nyama, na mbavu zina mifupa mingi na nyama kidogo, kwa hiyo mteja wa mbavu huona hasara kubwa kuliko mteja wa paja. Mwambie hivyo anapochagua. Ukingoja hadi alalamike, maelezo yale yale yatasikika kama visingizio.

Wateja wengi, hata hivyo, hawagombani na maji. Wanashuku kwamba kipande kimekatwa kikiwa jikoni, au kimebadilishwa na cha mtu mwingine. Dawa yake ni vibati vyenye namba. Kata vipande vidogo vya bati, vipige namba kwa msumari, uvifunge kwenye nyama kwa waya usiopakwa rangi. Mteja abaki na karatasi yenye namba hiyo hiyo, uzito mbichi na saa nyama ilipowekwa motoni. Kibati kisitoke hadi nyama ikatwe mbele yake kwenye mbao. Na mchomaji asionje nyama ya mteja, hata kipande kidogo. Akitaka kupima chumvi, aonje nyama ya bucha yenyewe.

Mizani igeuzwe imwelekee mteja, na iwe na muhuri wa maafisa wa vipimo wa mwaka huu. Kila asubuhi weka juu yake pakiti ya unga ya kilo 2 ambayo haijafunguliwa. Ikisoma tofauti kwa zaidi ya gramu 20, usifungue biashara kabla ya kuirekebisha.

Ukiamua kuuza kwa uzito wa nyama iliyoiva, fanya hesabu kwanza. Tuseme kilo mbichi inakugharimu shilingi 750, na makaa, chumvi, kachumbari na mshahara vinaongeza 130. Jumla ni 880. Ikiwa kilo hiyo hutoa gramu 680, kilo moja iliyoiva imekugharimu 880 gawanya kwa 0.68, yaani karibu shilingi 1,295, na faida bado hujaigusa. Tia bei zako mwenyewe mahali pa hizi. Wanaofilisika kwa njia hii ni wale walioongeza shilingi 200 juu ya bei ya nyama mbichi wakadhani wanapata. Sisi tungekushauri ubaki na uzito mbichi kwa wanaokula hapo hapo, na utumie uzito ulioiva kwa sinia za kupelekewa watu nyumbani, kwa sababu hao hawakuona mizani.

Wateja wangu Umoja hawataki tena kungoja saa nzima. Je, nichome nusu asubuhi, nimalizie wakifika?

Hapana. Kuchoma nusu ndiko kunakoleta maradhi. Nyama hupata joto la kutosha kuamsha vijidudu lakini si la kuviua, kisha hukaa saa tatu juu ya meza vikizaana. Nyama iwe mbichi kwenye friji, chini ya nyuzijoto 5, au iwe imeiva kabisa na kushikiliwa juu ya nyuzijoto 60. Katikati ya hapo ni hatari. Kipimajoto cha sindano kitakulipa gharama yake haraka.

Njia inayofaa ni kujua watu wako huja saa ngapi. Toa taarifa ya M-Pesa ya biashara kwa miezi mitatu, uhesabu malipo kwa siku na kwa saa. Mteja hulipa akishakula, basi rudi nyuma saa moja na nusu: malipo yakijaa saa tisa mchana Jumamosi, wenye njaa waliingia karibu saa saba na nusu. Utaona pia tofauti ya mwisho wa mwezi na katikati ya mwezi, na siku za mechi kubwa. Weka motoni kulingana na hesabu hiyo, si kulingana na foleni.

Vipande navyo vina muda wake. Paja zima la kilo moja na nusu hadi mbili huhitaji saa moja na robo hadi saa moja na nusu juu ya moto wa wastani. Mbavu ni dakika 35 hadi 45. Nyama ya mkono iliyokatwa vipande vya unene wa vidole viwili ni dakika 25 hadi 30. Kwa hiyo anayetaka paja apige simu mapema na kutuma nusu ya pesa. Asiyepiga simu umpe mbavu au mkono. Andika muda huo ukutani kando ya bei. Watu huvumilia dakika 45 walizoambiwa kuliko 30 wasizojua mwisho wake.

Ukitaka kuwa na paja lililoiva likingoja, liweke zima, bila kulikata, kwenye wavu ulioinuliwa mbali na makaa machache, kwa muda usiozidi saa moja. Usilifunike kwenye sufuria. Mvuke utaliondolea ukavu wa juu na mteja atakula nyama ya kuchemsha.

Kuna wanaochemsha mbuzi kwanza kisha wakampitisha motoni dakika 15. Nyama hulainika, ni kweli, na supu huuzika asubuhi. Lakini ladha kubwa imebaki kwenye supu, na anayejua choma hutambua kwa tonge la kwanza. Ukifanya hivyo, mwambie mteja.

Tulinunua kilo tatu za mbuzi kwa sherehe ya familia Lang'ata. Alichomwa zaidi ya saa moja, bado akawa mgumu kama mpira. Kosa ni la mchomaji?

Huenda kosa lilitokea kabla hajafika jikoni. Mnyama akishachinjwa, misuli hukakamaa kwa saa kadhaa, kisha hulegea polepole. Mbuzi wengi wa jiji hili huchinjwa usiku au alfajiri, pale Kiamaiko na kwingineko, na saa sita mchana tayari wako kwenye wavu. Hapo misuli bado imekaza, na moto hauwezi kuilegeza. Nyama ikilala kwenye friji saa 24, kwa nyuzijoto 0 hadi 4, hulainika bila dawa yoyote. Isikimbizwe kwenye baridi kali mara tu baada ya kuchinjwa, kwa sababu misuli hujikunja na kubaki migumu daima. Ing'inie kwanza mahali penye ubaridi wa kadiri, ndipo iingie. Wengi wetu tumezoea kusifu nyama ya leo leo. Kwa mchuzi haina neno. Kwa choma, tunaomba tabia hiyo iachwe.

Sababu ya pili ni umri. Mkinunua mbuzi mzima, fungua mdomo mtazame meno ya mbele ya chini. Yakiwa yote madogo ya utotoni, hajafikisha mwaka mmoja na nusu hivi. Mawili makubwa, anakaribia au amevuka umri huo. Manane makubwa, ana miaka minne au zaidi, na huyo afaa supu. Mkinunua kwa kilo, angalieni mafuta (meupe na machache kwa mchanga) na mfupa wa mbavu, ambao kwa mbuzi mchanga una wekundu ndani na hukatika kwa urahisi.

Cha tatu ndicho cha mchomaji: moto mkali mno. Kano zinahitaji muda zikiwa juu ya nyuzijoto 70 ili ziyeyuke. Ndimi za moto hukausha nje na kuacha kano jinsi zilivyo. Makaa yavae majivu meupe kwanza. Kisha shikilia kiganja kama sentimita 12 juu ya wavu: ukilazimika kukiondoa baada ya sekunde 2, moto ni mkali. Sekunde 4 hadi 5 ni wa wastani, nao ndio wa paja. Makaa yarundikwe upande mmoja wa jiko la pipa, nyama iive upande wa pili, na isogezwe juu ya makaa dakika kumi za mwisho tu ipate rangi. Mafuta yakiwaka, sogeza nyama. Kumwagia maji huinua majivu yakaganda juu yake. Masizi yale meusi ya mafuta yaliyoungua si ladha, na si mazuri kwa mwili pia.

Papai bichi husaidia kidogo: kijiko kimoja kikubwa kilichosagwa kwa kilo, dakika 30 hadi 40. Likikaa usiku kucha, sehemu ya juu huwa uji na ndani hubaki vile vile. Chumvi iwe gramu 12 hadi 15 kwa kilo mbichi.

Mmeuliza pia kuhusu nyama inayobaki nyekundu siku nyingi. Tangu runinga ilipofichua mwaka 2019 kwamba kemikali ya sodiamu metabisulfaiti ilikuwa ikitumiwa kuipendezesha nyama madukani, wateja wengi wamerudi kwa bucha wanayemjua. Ni tabia njema. Nyama halisi hugeuka rangi ya kahawia kidogo pembeni baada ya siku moja au mbili. Ikiwa nyekundu ya kung'aa mfululizo na haina harufu yoyote ya nyama, iache. Wenye pumu ndio wa kujihadhari zaidi na kemikali hiyo. Tafuteni muhuri wa mkaguzi kwenye paja au ubavu.

Wenzangu Ruaka wameongeza nguruwe na kuku kwenye wavu. Nami niongeze?

Kuku, ndiyo. Nguruwe, fikiri sana ujue nani anakula kwako. Mteja Mwislamu akijua nguruwe amepita kwenye wavu wako hatarudi, na wala hatakuja na wenzake wa ofisini. Ukiamua kumleta, basi jiko lake, wavu wake, kisu chake, mbao yake na mtu wake, na ikiwezekana chumba chake. Wavu mmoja uliogawanywa kwa waya haumridhishi mtu.

Kuku wa kilo 1.2 mpasue mgongoni, mlaze bapa, mwanzie upande wa mifupa. Dakika 40 hadi 50 kwa moto wa wastani, hadi pajani karibu na mfupa pafike nyuzijoto 74. Nguruwe aive kabisa vilevile. Mbao ya nyama mbichi isikatiwe iliyoiva. Kosa hili tunaliona hata kwenye majiko makubwa.

Naishi ghorofani Kilimani. Ninunue jiko la gesi, au haya mapya ya Marekani ya vidonge vya mbao?

Majiko ya vidonge, yaani vya unga wa mbao ulioshindiliwa, yalianzia jimbo la Oregon miaka ya 1980. Hujilisha vidonge na kujipulizia hewa kwa umeme, kwa hiyo stima ikipotea nyama inabaki njiani. Kwa ghorofa, gesi. Jiko la vichomeo vitatu lenye jumla ya kilowati 10 hula karibu kilo 0.8 kwa saa likifunguliwa lote, basi mtungi wa kilo 13 ni kama saa 16. Hakikisha kiunganishi kinaingia kwenye mitungi ya hapa, kwani cha ng'ambo mara nyingi hakiingii. Pitisha maji ya sabuni kwenye viungo kabla ya kuwasha. Povu likitokea, gesi inavuja. Omba ruhusa ya mwenye jengo. Makaa usiyawashe kwenye roshani iliyofungwa vioo, wala usiingize jiko ndani likipoa, kwa sababu hewa yake ya sumu haina harufu na huua.

Choma tunayopeleka kwa boda boda inafika imelegea. Kwa nini?

Mnaifunga ikiwa moto mno. Ipumzike dakika 5 hadi 8 juu ya wavu baridi, muikate, ifungwe kwa karatasi ya kaki isiyopitisha mafuta, kisha foili iliyoachwa wazi pembe moja mvuke utoke. Magazeti hapana, wino wake huingia kwenye nyama. Kachumbari iende kwenye mkebe wake, bila chumvi, na chumvi iwe kando, la sivyo nyanya zitatoa maji njiani. Ugali ufungwe peke yake. Safari ikizidi dakika 30, pelekeni mbavu au paja lisilokatwa, mteja akate mwenyewe.