Muziki wa ndotoni: mbona mwangwi mwingi umeleta tope badala ya ulimwengu?

SWALI: Ninatunga kwa kompyuta muziki wa kifumbo unaokusudiwa kumwingiza msikilizaji katika ulimwengu wa kubuni, kama aliye ndotoni. Nimetumia kinanda, filimbi, kengele na sauti ya mwanamke anayeimba bila maneno, na kila kimoja nimekipa mwangwi wake mrefu. Badala ya ndoto nimepata tope la sauti. Nimekosea wapi?

JIBU: Ndugu mwulizaji, kosa hili nimelikuta mara nyingi katika kazi ninazoletewa kuchanganya sauti, na mimi mwenyewe nililirudia kwa muda mrefu kabla ya kulielewa. Sikio hutambua mahali kwa jinsi sauti inavyorudi kutoka kwenye kuta. Unapokipa kinanda mwangwi wa ukumbi, filimbi mwangwi wa pango na kengele mwangwi wa namna nyingine, unamweka msikilizaji katika vyumba vitatu kwa wakati mmoja, naye hawezi kuamini hata kimoja. Ulimwengu wa ndotoni, uwe wa ajabu kiasi gani, sharti kwanza uwe mahali.

Kwa hiyo ondoa mwangwi wote uliouweka kwenye kila ala, uweke mmoja tu katika njia ya pamoja, yaani mkondo mmoja wa programu unaopokea sauti za ala zote, kisha uamue kila sauti ipeleke kiasi gani humo. Sauti unayotaka iwe karibu ipeleke kidogo, na uache mwanya mfupi kabla mwangwi haujaanza. Sauti husafiri hewani takriban mita 343 kwa sekunde, kwa hiyo mwanya wa milisekunde 30 ni kama kuliambia sikio kwamba sauti imekwenda mpaka ukutani na kurudi, yaani mita 5 hivi kwenda na 5 kurudi. Sauti ya mbali ifanyie kinyume: punguza ile inayofika moja kwa moja, ongeza mwangwi, na ukate masafa ya juu, yaani mitetemo ya haraka inayoipa sauti ukali wake, maana hewa huyameza hayo haraka kuliko ya chini. Tena kwenye mwangwi wenyewe chuja masafa yaliyo chini ya hezi 200 hivi, yaani mitetemo 200 kwa sekunde. Sehemu kubwa ya tope lako imo humo.

Umbali ni jambo ninalolithamini kuliko athari zote za kielektroniki. Katika kipande cha mwisho cha The Planets, kazi ya okestra iliyopigwa kwa mara ya kwanza London mwaka 1918, mtunzi Mwingereza Gustav Holst aliagiza kwaya ya wanawake ikae katika chumba kando ya jukwaa, watazamaji wasiione, na mwishoni mlango wa chumba hicho ufungwe polepole mpaka uimbaji upotee. Msikilizaji hajui ni wakati gani hasa sauti imekoma na ni wakati gani anaikumbuka tu. Wewe unao mlango huo katika programu yako: kwa muda wa dakika nzima, shusha kidogo kidogo sauti ya mwimbaji pamoja na masafa yake ya juu.

Kuhusu noti, muziki wa kawaida una nyumbani, yaani noti moja ya kutulia, na masikio husubiri kurudishwa huko. Skeli ya toni nzima, yaani ngazi ya noti zilizopishana kwa hatua sawa za toni moja, ambayo mtunzi Mfaransa Claude Debussy aliitumia karibu katika Voiles yote, kipande chake cha piano, haina hatua ya nusu toni hata moja, ile hatua ndogo kabisa kwenye kinanda, hivyo hakuna noti inayovuta kuelekea nyumbani. Hata hivyo, kwa maoni yangu skeli hiyo huchosha upesi ikitumika peke yake. Jaribu kushikilia C na G kwa besi bila kuziachia, kisha juu yake filimbi ipite kwenye F iliyopandishwa nusu toni na ikae hapo bila haraka. Utasikia nuru isiyo na chanzo, na ardhi bado ipo chini ya miguu.

Kengele yako nayo iondolee pigo la mwanzo. Pierre Schaeffer, Mfaransa aliyetunga muziki kwa sauti zilizorekodiwa, alilijaribu hilo Paris mwaka 1948, akakuta kwamba kengele iliyokatwa mwanzo wake hufanana na ala ya kupuliza, kwa kuwa sikio hutegemea sana pigo hilo kuitambua ala. Ukiianza kimya na kuikuza taratibu kwa nusu sekunde, msikilizaji atahisi anaifahamu lakini atashindwa kuitaja.

Ili muziki usijirudie kwa namna inayotabirika, fanya kengele izunguke kila sekunde 17 na kinanda kila sekunde 23: mizunguko hiyo haitaanza tena pamoja mpaka baada ya sekunde 391, yaani dakika 6 na nusu. Mwanamuziki Mwingereza Brian Eno alitumia mizunguko ya tepu, yaani vipande vya tepu vilivyounganishwa ncha ili vijirudie, yenye urefu usiolingana katika albamu yake ya Music for Airports ya mwaka 1978.

Mwisho, acha kitu kimoja kikavu kabisa. Mimi ningechagua pumzi ya mwimbaji: ile anayoivuta kabla ya kuimba, bila mwangwi wowote, karibu kana kwamba imevutwa begani mwa msikilizaji. Kisha sauti yenyewe itokee mbali.